Neno Bonde katika Aya ya Nne

Trekta ya mjomba ilichukuliwa Jumanne, nami nikapata habari Alhamisi, kwa sababu mjomba hapendi kumsumbua mtu kazini. Nilikuwa kibandani kwangu karibu na mahakama ya Malindi, ninapowachapia watu barua na fomu. Alipiga simu, akaanza kwa kuniuliza habari za kazi, kisha habari za kifua changu, kisha kama joto la mjini limepungua. Mwisho akasema, kama mtu aliyekumbuka jambo dogo wakati wa kuaga, "Na ile trekta wameichukua."

"Nani wameichukua, mjomba?"

"Watu wa mazingira. Walikuja na askari. Wasema nafukia kinamasi."

Kisha akaongeza, "Lakini wewe maliza kazi zako kwanza."

Mama alipofariki nilikuwa darasa la pili. Mjomba, kaka yake, ndiye aliyekuja kunichukua akanipeleka kwake Sabaki, ng'ambo ya daraja, karibu na pale mto unapoingia baharini. Alinichukua kwa trekta hiyohiyo. Nilikaa juu ya madigadi, lile bati linalofunika gurudumu kubwa la nyuma, nimekumbatia mfuko wa nguo zangu, naye akawa anageuka kila mara kuhakikisha bado nipo. Sikumbuki mazishi vizuri. Nakumbuka joto la lile bati.

Mambo yalivyokuwa ni hivi. Mto ulifurika, na maji yalipopungua njia ya kuteremkia mashambani ilikuwa imekatika. Majirani wakamwomba mjomba awaletee udongo wa kuziba mashimo ili wapite na mbegu zao. Akapeleka tela la kwanza na la pili. Alipokuwa anamwaga la tatu wakatokea maafisa. Iko sheria ya kulinda kingo za mito na maeneo yenye maji: hapamwagwi udongo bila kibali, na chombo kilichotumika chaweza kushikiliwa mpaka kesi iishe. Mjomba hakuwa na ugomvi na sheria yenyewe. Amewaona matajiri wakija na malori ya mawe, wakajaza pale ndege walipokuwa wakitua, wakajenga ukuta.

"Sheria hiyo nzuri," aliniambia. "Ila imebisha hodi nyumba siyo."

Mvua za masika zilikuwa zimekaribia. Trekta ile ndiyo ilimlimia yeye na nusu ya majirani zake, na kama isingerudi kabla ya mvua, mwaka huo wangerudi kwenye jembe. Hilo halikuhitaji kusemwa.

Sasa nieleze kuhusu mimi, na nitajitahidi nisijipendelee. Sikusomea sheria. Niliishia kidato cha nne. Kuchapa nilijifunza mwenyewe kwenye kompyuta iliyokosa herufi mbili, na uandishi wa mahakamani nilijifunza kwa kunakili miswada ya mawakili waliokuja kuchapishiwa. Nilisoma hukumu za zamani zilizotupwa kama karatasi za kufungia. Nikikosea herufi moja ukurasa mzima nauchapa upya, hata kama kosa lingefutika. Nikifunga kibanda narudi mara tatu kutikisa kufuli. Karibu na mahakama watu walikuwa na msemo: "Mpelekee yule binti, hakosei." Msemo huo niliupenda kuliko chakula. Kuna siku nilishinda nao tumboni.

Mjomba alisema amesikia kwamba huko Kilifi wako mawakili wanaosaidia wanyonge bure.

"Watu wa kanisani wanawajua," alisema. "Nikitaka watanipeleka."

"Mjomba, hii naiweza."

"Una hakika, mwanangu?"

"Naiweza."

Kukiri kwangu kwa kwanza ni huku: sikuwa na hakika. Nilitaka tu atakayemsaidia awe mimi.

Alikuja Jumamosi, amevaa shati la kwendea misibani, akakaa kwenye benchi la wateja akanisimulia. Ombi la kurudishiwa chombo linahitaji hati ya kiapo, yaani maelezo ya mhusika aliyoyaapia kuwa ya kweli. Niliamua kuiandika kwa Kiswahili ili mjomba aelewe anachokiapia, na kwa hilo nilijiona mwema sana. Aliongea polepole, akingoja vidole vyangu.

"Andika: nilikuwa naziba njia ya kuteremkia bondeni. Bonde lile twalima tangu babu. Mto ukijaa, bonde ni lake. Mto ukirudi, bonde ni letu. Sikumwaga udongo bondeni, nilimwaga njiani."

Nikaandika vivyo hivyo. Alipokwenda nikaisoma tena, nikahesabu. Neno bonde lilitokea mara kumi na moja. Likanikera. Niliona kama hati imevaa kandambili. Wakati huo nilikuwa nimetoka kujifunza neno jingine, ardhi oevu, kutoka kwenye bango lililobandikwa nje ya ofisi ya chifu, na tangu nilipoliona nilikuwa nikilitafutia mahali. Aya ya nne ndiyo iliyobeba kisa chote, nami nikataka ivae viatu. Nikaichapa upya. Nilipomaliza ilisomeka kwamba mwombaji alikuwa akitengeneza njia iliyoko katika ardhi oevu ambayo familia yake imekuwa ikiitumia kwa kilimo. Niliisoma kwa sauti, peke yangu, nikaona imelainika kama jiwe la mtoni. Sikuona kwamba nimempeleka mjomba mahali palepale ambapo maafisa walidai alikuwa.

Jumatatu nikamsomea. Alisikiliza akiwa ameinamisha kichwa, kama mtu anayesomewa barua kutoka mbali. Kwenye aya ya nne akainua mkono.

"Ardhi nini?"

"Oevu, mjomba. Ndilo hilo bonde, kwa Kiswahili cha serikali."

"Ala! Basi bonde limesoma." Akacheka. "Limekwenda shule, limeniacha mimi nyumbani."

Tukaenda kwa wakili anayeshuhudia viapo, mjomba akaapa na kutia sahihi, herufi zake kubwa zikipanda mlima. Mimi nilikuwa naangalia kama muhuri umekaa sawa.

Siku ya ombi nilikaa benchi la tatu. Mwendesha mashtaka alikuwa mwanamke mtaratibu, hakupandisha sauti hata kidogo. Alisimama akasema hana haja ya mashahidi wengi, kwani mwombaji ameisaidia mahakama. Akasoma aya ya nne. Aliisoma vizuri, hata mimi nisingeisoma vile. Ardhi oevu, alirudia. Hilo ndilo neno la sheria yenyewe, alisema, na mwombaji amelichagua mwenyewe chini ya kiapo.

Nilihisi masikio yamejaa maji. Hakimu akamtazama mjomba juu ya miwani.

"Mzee, ulikuwa katika ardhi oevu?"

Mjomba alisimama. Alikuwa ameshika kofia yake kwa mikono miwili. Hakugeuka kunitazama, na hilo ndilo ninaloliona hadi leo, shingo yake ambayo haikugeuka.

"Ndivyo ilivyoandikwa, mheshimiwa."

"Nakuuliza wewe, sikuulizi karatasi."

"Ndivyo ilivyoandikwa," akasema tena.

Hakimu akasema hawezi kumrudishia mtu chombo wakati mtu huyo ameapa kwamba alikuwa nacho mahali palipokatazwa. Akatoa majuma mawili, kama mwombaji ana jambo la kuongeza alilete.

Nje mjomba alisema, "Twende tukanywe chai." Kwenye chai akaniuliza kama nakula vizuri. Akasema hakimu yule ana mafua, angetafuta mkaratusi ajifukize. Akaagiza mahamri mawili, lake akalila, langu likalala sahanini, kisha akalifunga kwenye gazeti akanipa. Hakuligusia lile neno. Nilingoja aligusie. Angenigombeza ningelia, tungeyamaliza pale. Lakini alinipigapiga begani akaenda kutafuta gari la Sabaki, nami nikarudi kibandani na hamri.

Majuma yale mawili sikuwa na mtu. Niseme kweli, hata kabla yake sikuwa na mtu, ila nilikuwa sijaona. Chumba changu kina kitanda, meza, na feni inayogeukia ukutani. Wasichana tuliokuwa nao shule walishaacha kunialika, kwa kuwa nilikuwa nikiwasahihishia meseji zao. Wachapaji wenzangu walinisalimu kwa heshima wakarudi kwenye mazungumzo yao. Nikawa nawaza nani nimwambie, nikagundua kwamba kila ninayemjua ananijua kama mtu asiyekosea. Mtu kama huyo kosa lake atampelekea nani?

Mchana, badala ya kula, nilikwenda kuiangalia trekta. Ilikuwa imewekwa uani kwa kituo cha polisi, kati ya pikipiki zilizokamatwa na gari moja lisilo na milango. Majani yalikuwa yameanza kupanda kwenye magurudumu. Siku ya tatu nikakuta shati la bluu limetandazwa juu ya usukani, linachuruzika maji.

"Afande, hicho ni kielelezo cha mahakama," nikasema.

Askari aliyekuwa aking'arisha kiatu kwa kitambaa alinitazama bila kuinuka. "Kielelezo kinakausha shati, dada. Kuna ubaya?"

"Kitapata kutu."

"Nawe kila siku waja kumtazama mgonjwa. Basi mletee na uji."

Wenzake wakacheka. Nikasimama pale nikiangalia madigadi. Rangi imetoka upande mmoja, umbo la mtoto aliyekaa. Au labda ni kutu tu, na mimi ndiye niliyetaka iwe hivyo.

Mvua ya kwanza ilinyesha Sabaki kabla ya mjini. Mjomba akapiga simu.

"Imenyesha, mwanangu. Mvua nzuri."

"Na mnafanyaje?"

"Watu wameingia na majembe. Mgongo utazoea."

Hapo nikauliza. "Mjomba, kwa nini ulimwambia hakimu vile? Ungesema hujui lile neno."

"Sasa ningesema nini? Mwanangu ameandika uongo?"

"Haukuwa uongo. Nilikosea."

Nilisikia mvua kwenye bati la jikoni kwake.

"Haya," akasema. "Mimi sikujua kama umekosea. Wewe ndiye uliyesoma."

Nilikaa na simu mkononi hata baada ya yeye kukata. Mjomba hakuwa ananisamehe. Mpaka dakika ile alikuwa bado ananiamini. Alidhani huenda kweli alikuwa ardhi oevu, maadamu mimi nimeandika.

Kesho yake nilikwenda masijala, kwa karani mzee ambaye kwa miaka alizipokea karatasi zangu bila kuzikagua. Nikamuuliza hati ya kiapo inasahihishwaje.

"Haisahihishwi, binti. Hiyo si insha. Kilichoapwa kimeapwa."

"Na kama kosa si la aliyeapa?"

Akavua miwani. "La nani?"

Nyuma yangu palikuwa na foleni. Nilijua kila mtu pale, na kila mtu alinijua.

"Langu."

Akasogeza kiti akaongea kwa sauti ya chini. "Basi apa ya kwako. Useme wewe ndiwe uliyeandika, na neno lile ni lako. Lakini jua utaulizwa wewe ni nani hata uandikie watu hati. Na hapa uani habari haikai. Kesho ukisikia yule binti hukosea, usije ukanilaumu."

Niliichapa adhuhuri ile, ukurasa mmoja, mara moja. Masijala ilikuwa karibu kufungwa, na bado sijaapa. Nikiwa kwenye foleni ya kupiga muhuri nikaisoma, nikaona katika mstari wa saba nimeandika "bodne". Nilitaka kutoka mbio nikaichapa upya. Mbele yangu walibaki watu wawili na saa ukutani ilikuwa juu ya kichwa cha karani. Nikaiacha. Najua kwa mtu mwingine hili ni jambo dogo. Mimi nilihisi kama nimetoka nyumbani bila nguo.

Siku ya kusikilizwa niliitwa mbele. Mwendesha mashtaka alianza kwa utaratibu uleule.

"Wewe ni wakili?"

"Hapana."

"Sheria umesomea wapi?"

"Sikusomea."

"Basi ulijuaje kwamba bonde ni ardhi oevu?"

"Sikujua," nikasema. "Niliona ni neno zuri."

Mtu alicheka nyuma. Hakimu hakucheka, alikuwa anasoma hati yangu. Akakunja uso.

"Hapa pana neno lingine. Bodne. Bodne ni nini tena?"

Hapo walicheka wote. Askari wa mlangoni alicheka, karani alicheka ameziba mdomo. Nami nikasikia kicheko kimoja ninachokijua, kile kinachoanza kama kikohozi, nikageuka. Mjomba alikuwa amefunika uso kwa kofia, mabega yanatikisika.

"Ni bonde, mheshimiwa," nikasema. "Nimekosea kuchapa."

"Mzee," hakimu akasema wakati kicheko kilipotulia, "njoo utuambie wewe. Bonde ni nini?"

Mjomba akasimama. Safari hii hakushika kofia, aliiacha kitini, akatumia mikono.

"Mheshimiwa, mto una tabia zake. Ukishiba watoka nje, ukachukua shamba lote. Sisi twapanda juu twangoja. Ukirudi kwenye njia yake, ile ardhi uliyoilalia, ndiyo bonde. Twapanda mpunga na mahindi, na mto ukiitaka tena twatoka. Huko chini zaidi kwenye matete, kwenye ndege, huko hatulimi. Huko hata mimi sikanyagi. Mimi nilikuwa juu, njiani, naziba mashimo."

"Na hilo la ardhi oevu?"

"Hilo nililisikia kwa huyu mtoto. Nikaliona zuri vilevile."

Uamuzi ulitoka siku ile mchana. Kesi itaendelea, na maafisa watakwenda kupima njia iko wapi na matete yanaanzia wapi. Trekta irudishwe kwa mwenyewe, kwa sharti kwamba isiteremke bondeni wala kukanyaga ile njia mpaka kesi iishe. Kisha hakimu akanigeukia.

"Nawe binti, chapa wanachosema. Usiwasemee."

Tulikwenda kituoni na amri. Yule askari akaondoa shati lake kwenye usukani, akalikunja vizuri, akasema, "Mgonjwa ameruhusiwa." Injini ilikataa mara nne. Betri ilikuwa imechoka kukaa. Pikipiki mbili ziliondolewa, askari watatu wakasukuma, na mara ya tano ikaunguruma ikatoa moshi mweusi uliotufanya sote turudi nyuma. Mjomba akakaa kitini. Akapiga madigadi kwa kiganja, mara mbili, kama zamani.

"Panda."

Nilitaka kupanda. Mungu ananiona, mguu ulishainuka. Halafu nikawaona askari, nikaikumbuka ile amri mkononi mwangu yenye muhuri wa siku ileile, nikawaza itakuwaje tukikamatwa tena hata hatujavuka lango.

"Mjomba, hairuhusiwi. Trekta haibebi abiria."

Alinitazama. Sikuona hasira. Aliniangalia kama mtu anayeangalia mto aone leo umefika wapi.

"Haya," akasema. "Wewe ndiye ujuaye."

Akatoka langoni akachukua barabara ya kaskazini. Nilisimama uani mpaka mlio ukaisha. Mahali trekta ilipokuwa palibaki mistatili minne ya majani ya manjano.

Kibandani hapakuwa na mteja. Habari ilikuwa imefika kabla yangu, wachapaji wenzangu waliinua macho wakayarudisha. Mmoja akaniita, "Bodne, habari?" Nikaitikia, "Nzuri." Nikakaa nikipangusa kompyuta iliyokuwa safi.

Alasiri simu ikaita. Nyuma ya sauti ya mjomba nilisikia injini.

"Umefika nyumbani?" nikauliza.

"Bado. Nimesimama hapa juu, kabla ya njia kuanza. Niko na trekta. Nawatazama wale walioko chini."

"Wako wangapi?"

"Wote. Wanalima kwa jembe. Wamenipungia mkono, wanadhani nateremka. Nimewapungia na mimi."

"Zima injini, mjomba, unamaliza mafuta."

"Nikizima haiwaki. Huku nani atanisukuma?"

Hakukata, wala mimi sikukata. Yeye alikuwa huko juu ya bonde asiloruhusiwa kuteremka, nami nilikuwa mjini na simu sikioni, naisikiliza ile injini ikizunguka mahali pamoja, mpaka salio likaisha.